Bei ya Kitasa

Usiku wa leo sishoni.
Nimeifunika cherehani kwa shuka kuukuu,
nimeazima kikokotoo cha Ndinda cha shuleni,
na karatasi za benki nimezitandaza mezani
kama kitambaa ambacho sijajua mbele wala nyuma yake.

Mama Ndinda, watu husema, una nyumba Imara Daima!
Husema kwa sauti ya kupongeza harusi.
Nami huitikia. Miaka saba naitikia.

Tulikopa milioni sita.
Musembi alivaa suti niliyomshonea mwenyewe,
kijana wa benki akatuonyesha pa kutia sahihi
na nambari moja tu, aliyoizungushia kalamu ya bluu:
elfu sabini na mbili, mia nne arobaini na mbili.
Kwa mwezi.
Tukatazamana. Tutaweza.
Mimi, nisiyekata hata leso bila kupima mara mbili,
sikuuliza: mara ngapi?

Mara mia mbili na arobaini.
Nimezidisha mara tatu leo,
maana mara ya kwanza nilidhani kidole kimeteleza.
Milioni kumi na saba, na laki tatu na ushee juu yake.
Nyumba moja tunayolala,
na nyingine karibu mbili tunazoijengea benki
mahali nisipopajua,
zisizo na mlango wa mtu kubisha hodi.

Nimetafuta mwezi wa kwanza.
Riba: elfu sitini na saba na mia tano.
Nyumba: elfu nne, mia tisa arobaini na mbili.
Hiyo ni bei ya kitasa.
Mwezi mzima wa kuamka saa kumi alfajiri,
kola za sare za shule hadi macho yanawasha,
Musembi na zamu zake za usiku ghalani,
tukanunua kitasa cha mlango wa jikoni.
Mwezi wa pili, kitasa tena,
na parafujo chache.

Haba na haba, tulifundishwa, hujaza kibaba.
Hawakutwambia kibaba cha nani.

Sasa hapa ndipo nilipoweka kalamu chini:
miaka saba tumelipa milioni sita na zaidi.
Tulikopa sita.
Tunadaiwa bado tano, na laki tatu.

Ndege inashuka kuelekea uwanjani, madirisha yanatetema.
Naukagua ukuta ambapo tumemchora Ndinda kwa penseli,
kila Desemba mstari mmoja.
Mtoto amepanda kutoka gotini hadi begani mwangu.
Deni halijashuka hata kiganja.

Silii. Fundi halilii vazi lililokatwa vibaya;
hutafuta pa kuingiza mkasi.

Juma lijalo ni zamu yangu chamani,
laki moja na nusu.
Musembi ameshatazama makochi Barabara ya Ngong,
ya kijani, yenye miguu ya mvule,
ameniletea hata kipande cha kitambaa nikiguse.
Kizuri. Sikatai.
Lakini nimeipeleka ile laki na nusu, kwa kidole tu,
sio kwenye riba, kwenye deni lenyewe,
na mkia wa jedwali ukakatika:
miezi kumi na moja, chini,
kama vipande vya upindo miguuni pangu.
Laki nane ambazo hatutazilipa
mimi nikiwa na miaka hamsini na kitu na miwani mizito.

Nimehesabu tena. Kumi na moja.
Benki, najua, inaweza kuamka kesho na riba mpya,
imeandikwa hapa chini kwa herufi za chawa.
Lakini mkasi ni mkasi.

Funguo mlangoni. Kitasa kinazunguka,
kile cha jikoni, chetu kabisa, kimelipiwa.
Musembi anaingia na baridi ya alfajiri,
anauliza kabla ya kuvua koti:
Kile kitambaa, umekipenda?

Kaa, namwambia.
Hapo hapo, kwenye kiti kinachoyumba.
Nikusomee kitu.